Mgahawa wa familia wa Kilebanoni na Kisyria: uliza kwanza wametoka mji gani

Mkuu, umeuliza mambo mawili: kama chakula cha Lebanon na cha Syria ni kitu kimoja, na mkienda watu sita kwenye mgahawa wa familia wenye majina ya nchi zote mbili mlangoni, muagize nini. Wadau hapo juu wameshajibu la kwanza kwa "ni kile kile tu". Nimefanya kazi miaka kadhaa kwenye jiko la mgahawa wa namna hiyo, nikaanza na masufuria machafu mpaka nikakabidhiwa tanuri la mkate. Ninavyoona mimi menyu ni moja kweli, ila mikono ni tofauti. Pesa yako ifuate mkono.

Historia nitaipita haraka. Lebanon yenye mipaka ya leo ilitangazwa na Wafaransa mwaka 1920. Kabla ya hapo, kwa miaka kama mia nne, pande zote mbili zilikuwa chini ya dola ya Waosmani, na kutoka Beirut hadi Damascus ni kama kilomita 110 tu kwa barabara. Ndiyo maana hummus (dengu za aina ya chickpeas zilizopikwa na kusagwa), falafel (tonge za dengu hizo za kukaanga), fattoush (saladi yenye vipande vya mkate) na majani ya mzabibu yaliyojazwa wali utayakuta kote. Tofauti kubwa iko kwenye mji aliotoka mpishi. Wa Aleppo na wa Damascus wote ni Wasyria, lakini waweke jiko moja uone.

Kwetu, mzee alikuwa wa Aleppo na mkewe wa Zahlé, mji wa Bonde la Bekaa unaosifika Lebanon nzima kwa meze, yaani sahani ndogondogo za kuanzia, na arak, pombe kali ya anisi. Wafanyakazi wote tulimwita mzee Ammo na mkewe Khalto, yaani ami na mama mdogo kwa Kiarabu, kama wapwa zao walivyowaita. Vyakula vya baridi vilikuwa himaya ya Khalto, mkaa na nyama vya Ammo, na aliyevuka mpaka alisikia maneno. Bibi, yule mkongwe wa familia, alikaa meza ya nyuma alasiri, wateja wakiwa wachache, akikunja majani ya mzabibu membamba kama kidole chake. Bibi akiumwa, majani yale hayakuwepo. Mtoto wa kike akiwa na mitihani, hakukuwa na mtu wa kufinyanga kibbeh (tonge za nyama na ngano), basi kibbeh ikafutwa siku hiyo. Wateja wengine walinuna. Mimi hadi leo nikiingia mgahawa wa familia nikaambiwa "hiki leo hakuna", naona nimefika mahali sahihi, maana friza haiumwi wala haifanyi mitihani.

Sasa, mkono utautambuaje? Anza na saladi ya tabbouleh kama mwenyeji jikoni ni Mlebanoni. Ya kwao ni majani ya pasli kwanza, ngano iliyovunjwavunjwa, burghul, kidogo tu. Tulikuwa na wateja waliolalamika kwamba wameletewa majani matupu! Khalto hakuruhusu mashine iguse pasli yake. Ilioshwa, ikakaushwa kabisa, ikakatwa kwa kisu kikali mara moja bila kurudiwa, kwa sababu jani likipondeka linatoa maji, linakuwa jeusi na sahani nzima inalowa. Burghul haichemshwi, inalainishwa kwa maji ya limau na nyanya. Ukikuta bakuli la ngano lenye vitone vya kijani, mahali hapo wanabana matumizi.

Kitunguu saumu ndicho kipimo changu kikali zaidi. Ile sosi nyeupe ya kulia kuku, toum, ni kitunguu saumu, chumvi, limau na mafuta, basi. Mafuta yanamiminwa kwa uzi mwembamba huku mashine inazunguka, na ukiwa na haraka inakatika, unabaki na mafuta huku na maji kule. Kwa sababu hiyo sehemu nyingi huongeza viazi vilivyochemshwa au mayonezi ili isimame. Onja kidogo kwa ncha ya mkate: ile halisi inakupiga puani na haiachi ladha ya wanga.

Hummus inahukumiwa na kazi ya jana yake. Dengu kavu zinalowekwa usiku kucha, zinapikwa na magadi kidogo mpaka zinapondeka kwa vidole viwili, kisha zinasagwa na tahini (ufuta uliosagwa) ya kutosha, wengine wakitupia vipande vya barafu ili iwe nyeupe na laini. Falafel ni kinyume: dengu zinalowekwa tu, hazipikwi. Ukizipika, tonge linasambaratika kwenye mafuta. (Kuhusu hummus hawa watu hawana utani. Mwaka 2010 Lebanon iliweka rekodi ya dunia kwa sahani ya kilo 10,452, tarakimu ile ile ya kilomita za mraba za nchi yao, miezi michache baada ya Israel kuwavunjia rekodi ya awali. Ammo, Msyria, aliona wote wawili wanachekesha.)

Biringanya ndiyo ilikuwa vita ya kudumu. Yenye tahini, kwa wote wawili, ni mutabbal. Baba ghanouj kwao haina tahini: ni biringanya iliyochomwa na nyanya, vitunguu, pasli na sharubati nzito ya komamanga. Wateja waliagiza baba ghanouj wakitegemea mutabbal, kijana wa kupokea oda akawa anawaletea wanachokitegemea, na Khalto alipogundua alitoka jikoni mwenyewe kwenda mezani kueleza. Ilikuwa aibu kwa kijana lakini wale wateja wakawa wa kudumu.

Upande wa Aleppo ndipo penye hazina, na ndipo wageni hawaagizi. Wanakimbilia mishikaki kwa sababu wanaijua. Mishikaki ya mkaa ni mizuri, sikatai, lakini Aleppo ni mji wa ngano, nyama na matunda makali. Muhammara: pilipili nyekundu za kuchoma, kokwa za walnut, makombo ya mkate na komamanga. Kebab karaz: vidonge vya nyama ya kondoo kwenye mchuzi wa cheri chachu. Khalto mwenyewe alisema nyama na matunda ni mambo ya Aleppo, yeye hayamhusu, kisha saa ya chakula cha wafanyakazi alikuwa wa kwanza kuchovya mkate. Kibbeh nazo kule zina aina chungu nzima: za kukaanga, za kuchoma, za kwenye mtindi, za kwenye mchuzi wa matunda. Hizi za mchuzi zinachukua muda, kwa hiyo pigeni simu siku moja kabla.

Shawarma usiitumie kupima mgahawa wa familia. Shawarma inahitaji foleni. Mnara wa nyama unapaswa kwisha siku hiyo hiyo, na mgahawa mdogo wa kukaa hauna mauzo ya hivyo. Sisi siku za katikati ya wiki tulipanga mnara mdogo, ukiisha umeisha. Ukiona mnara mnene karibu na saa ya kufunga na viti vitupu, agiza adesi.

Kwa watu sita, ningefanya hivi. Sahani nne au tano za baridi, mbili za moto, halafu msubiri. Msiagize nyama wakati huo huo, kwa sababu jiko la familia lina mikono michache na mkitaja kila kitu pamoja vitakuja pamoja, mkate upoe. Baadaye ndipo sahani moja kubwa ya mkaa ya kugawana na kile chakula cha mji wao mlichokipigia simu. Muulize anayehudumu, "Nyumbani kwenu mnapika nini?" Akitaja kitu ambacho hakiko kwenye menyu, chukueni hicho. Anayekunywa arak aweke maji kabla ya barafu, kwa kawaida maji mara mbili ya arak. Barafu ikitangulia, mafuta ya anisi yanaganda juu. Familia nyingi hawaiuzi kabisa, msishangae.

Vitamu msijilazimishe. Baklava hata Beirut na Damascus watu wengi hununua kwa mafundi wa vitamu, na migahawa mingi hufanya vivyo hivyo. Ulizeni kama kuna kitu wametengeneza wenyewe siku hiyo. Kama hakuna, kahawa inatosha, na mtaje kiasi cha sukari mapema kwa sababu inapikwa nayo.