Msimu wa Kikapu Chuoni Hauamuliwi Novemba: Maneno kwa Wanaoanza

Wengi wenu mnaojiunga na timu za wanaume za vyuo vya Marekani mkitokea Dar es Salaam, Nairobi au Goma mnafika Agosti mkiwa na hamu ya mechi ya kwanza, na mazungumzo yenu yote huwa ni nani ataanza na nani atakaa benchi. Baada ya misimu kadhaa ya kucheza, na baadaye ya kuwaandalia makocha video za wapinzani, naweza kuwaambia kwamba mechi hiyo haina uzito mnaoupa. Msimu huanza Novemba na kwa timu chache huendelea hadi mapema Aprili, lakini mgeni hupimwa hasa Januari na Februari, wakati ambapo safari, majeraha na masomo huja kwa pamoja. Nitaeleza kwa kutumia msimu wa 2008–09 wa Chuo Kikuu cha Connecticut, ambao Watanzania wengi tuliufuatilia kwa ajili ya Hasheem Thabeet.

Thabeet, kijana wa Dar es Salaam mwenye urefu wa mita 2.21, alikuwa katika mwaka wake wa tatu chuoni. Alimaliza msimu huo akiwa na wastani wa pointi 13.6, ribaundi (mipira inayodakwa baada ya mtupo kukosa) 10.8 na mitupo 4.2 aliyoizuia kwa kila mechi, na timu yake ilishinda mechi 31 na kupoteza 5. Anayeisoma hesabu hiyo leo anaweza kudhani kwamba mambo yalikuwa mteremko mtupu. Tarehe 16 Februari 2009, wakati Connecticut ikiwa namba moja nchini, Pittsburgh iliwafunga 76–68. DeJuan Blair, aliyekuwa mfupi kuliko Thabeet kwa sentimita 20 hivi, alipata pointi 22 na ribaundi 23, na katika purukushani moja chini ya kikapu mikono yao ilinasana, Blair akamrusha Thabeet kupitia begani hadi sakafuni. Nawasihi wachezaji warefu waitazame mechi hiyo yote, si kipande hicho tu. Itazameni miguu ya Blair: anashusha kiuno, anamweka mpinzani mgongoni kabla mpira haujagonga ubao, na ndipo anapotazama juu. Kwetu mtu mrefu huzoea kuupata mpira bila kazi hiyo, maana hakuna wa kumsukuma. Huku atasukumwa na watu wenye kilo nyingi na mazoezi ya miaka mingi ya chumba cha vyuma. Makocha wa ligi ya Big East hatimaye waliwapa wote wawili, Blair na Thabeet, tuzo ya mchezaji bora wa mwaka.

Siku chache kabla ya kipigo hicho, mlinzi wa Connecticut, Jerome Dyson, alikuwa ameumia goti na msimu wake ukaishia hapo. Aliyenufaika, kama neno hilo linafaa, ni mwanafunzi wa mwaka wa kwanza aitwaye Kemba Walker. Machi, katika mechi ya kuwania kuingia nne bora za mashindano ya taifa, Walker alitoka benchi akafunga pointi 23 na Connecticut ikaishinda Missouri 82–75. Nafasi ya namna hiyo haitangazwi. Anayekaa benchi anapaswa kujua michezo yote ya timu kutoka nafasi zaidi ya moja, kusoma karatasi ya maelezo ya mpinzani kwa makini kama anayeanza, na kuzungumza kwa sauti akiwa katika ulinzi, jambo linalowashinda vijana wetu wengi kwa sababu ya heshima tuliyolelewa nayo. Kumwelekeza kaka mkubwa kwa sauti uwanjani si utovu wa adabu. Kocha anakuona umenyamaza na anahitimisha kwamba hujui.

Kisha upo uchovu. Tarehe 12 Machi, katika mashindano ya Big East jijini New York, Connecticut na Syracuse walicheza vipindi sita vya nyongeza, yaani dakika 70 badala ya 40, na Syracuse wakashinda 127–117 usiku wa manane ukiwa umeshapita. Wachezaji kadhaa wa pande zote mbili walitolewa kwa kufikisha faulo tano. Wiki moja baadaye, huku kocha wa Connecticut, Jim Calhoun, akiwa hayupo kwa sababu ya ugonjwa na msaidizi wake George Blaney akiongoza, timu yake iliifunga Chattanooga 103–47 katika mashindano ya taifa. Katika wiki kama hiyo hakuna ujuzi mpya unaoongezwa; kinachofanya kazi ni usingizi, chakula, na kumwambia mtaalamu wa tiba ukweli kuhusu goti lako. Kuficha maumivu ili usipoteze dakika ni tabia niliyoiona mara nyingi sana, na kwa kawaida dakika hizo hupotea vilevile.

Kuhusu masomo, msidanganywe na kanuni ya NCAA, chama kinachosimamia michezo ya vyuo Marekani, ya saa 20 za mazoezi kwa wiki. Siku ya mechi huhesabiwa saa 3 tu, na muda wa safari na wa matibabu hauhesabiwi kabisa, kwa hiyo wiki yenye mechi mbili za ugenini inaweza kula siku nne za darasa. Kawaida mwanafunzi hutakiwa kusajili angalau vipimo 12 vya masomo (krediti) kwa muhula ili aendelee kucheza, na mwenye viza ya mwanafunzi anahitaji mzigo huohuo ili viza yenyewe isiingie matatani. Pelekeni ratiba ya safari kwa walimu katika wiki ya kwanza ya muhula, ana kwa ana, wala msisubiri ofisi ya michezo iwatumie barua.

Fedha nazo zinataka uangalifu. Tangu 2021 wachezaji wa vyuo wanaruhusiwa kulipwa kwa matumizi ya majina na picha zao, na mtawaona wenzenu wakisaini mikataba ya matangazo chumbani mnakobadilishia nguo. Wenye viza ya F-1, yaani ya mwanafunzi, wana mipaka mikali ya kufanya kazi, na ruhusa ya NCAA haibadilishi sheria ya uhamiaji. Karatasi yoyote ya namna hiyo ipelekwe kwanza katika ofisi ya wanafunzi wa kimataifa, hata kama aliyeileta ni mtu wa timu na kiasi chenyewe ni kidogo.