Re: Boma limesimama mwaka wa pili, nianze na fensi au kupaua?
Mkuu hapo anza kupaua, fensi isubiri kabisa. Boma likipigwa masika misimu miwili mitatu bila bati kuta za juu zinaanza kulika, halafu ukishapaua unaweza kuhamia hata chumba kimoja, ile kodi uliyokuwa unalipa ndo inageuka hela ya plasta na madirisha.

Mi yangu imenichukua miaka 6, kuna mwaka mzima sikuongeza hata tofali moja na niliumia sana aisee. Kilichoniokoa ni kununua vifaa mapema maana hela ya mkononi haikai, mara msiba mara ada za watoto, kwahiyo mwezi huu mbao (zipake dawa ya mchwa) mwezi ujao bati kumi, unatunza ndani mpaka zitimie. Saruji tu ndo usirundike, ikipita miezi mitatu inapungua nguvu na ikipata unyevu inaganda mfukoni. Bati nazo angalia geji (namba ya unene wa bati), 28 ni nene kuliko 30, wengi wanadanganyika na namba kubwa. Fundi mlipe kwa hatua.

Vyumba vingapi hivyo mkuu?