Rekodi ya tvN ni ya Queen of Tears
Je, Crash Landing on You bado ndiyo tamthilia iliyotazamwa zaidi katika historia ya tvN, kituo cha televisheni cha Korea Kusini? Hapana, si hiyo tena. Rekodi hiyo ilichukuliwa na Queen of Tears, ambayo sehemu yake ya mwisho, tarehe 28 Aprili 2024, ilifikia utazamaji wa asilimia 24.85 kwa vipimo vya Nielsen Korea, kampuni inayopima utazamaji wa televisheni, ilhali mtangulizi wake aliishia asilimia 21.68 mwezi Februari 2020. Zote mbili ziliandikwa na Park Ji-eun, na umahiri wake unaonekana mapema kabisa, pale ambapo Baek Hyun-woo, mhusika mkuu wa Queen of Tears, anapomwendea mkewe akiwa na hati za talaka, naye mke anamwambia kwamba amebakiza miezi mitatu ya kuishi. Takwimu hizo, hata hivyo, ni za televisheni nchini Korea Kusini. Watazamaji wa Netflix hawamo.