Mahakama haikuwafuta walimu wanagenzi

Wapo wanaodai mahakama iliwafuta kazi walimu wanagenzi, yaani walioajiriwa kwa muda kama wanaojifunza kazi. Hapana, haikuwafuta. Mahakama ya Uajiri na Mahusiano ya Leba jijini Nairobi, uamuzi wa Jaji Byram Ongaya wa Aprili 17, 2024, ilisema TSC, tume inayoajiri walimu Kenya, ndiyo iliyokosea kwa kuwachukua kama wanagenzi. Msingi wake ni Katiba, Kifungu cha 237: kazi ya tume ni kuajiri walimu waliosajiliwa. Sasa hawa wa JSS (sekondari msingi) walikuwa wamehitimu, wana nambari ya TSC, na wanabeba vipindi sawa na mwenzao wa kudumu. Mtu wa namna hiyo si mwanafunzi wa kazi, ni mwalimu anayelipwa nusu. Marupurupu yalikuwa Sh20,000 kwa wa JSS na Sh15,000 kwa wa shule za msingi, kabla ya makato.

Nilifundisha hivyo mwaka mzima. Siku ya malipo, ukishatoa kodi ya nyumba na nauli, unarudi kwa mwenye duka kuongeza deni.

Kilichowachanganya wengi ni kwamba hukumu haikumpa mtu barua ya kazi papo hapo. TSC ilikata rufaa, mitaani kukawa na maandamano, na wanagenzi 46,000 wa JSS wakaingizwa kwenye ajira ya kudumu na ya pensheni Januari 2025, bajeti ilipopatikana.

Ila usidhani mtindo huo ulikufa. Mwezi huohuo TSC ilichukua wanagenzi wapya 20,000 kwa kandarasi ya mwaka mmoja.