Darkseid: Mlivyouliza na Ninavyojibu

Darkseid, mtawala katili wa komiki za DC, na Thanos, mwovu wa komiki za Marvel, wakikutana, nani anashinda?

Swali hili haliishi kuletwa, na nimeshasema: anashinda yule ambaye mwandishi wa toleo hilo ameamua ashinde. Sitalijibu tena.

Basi tuambie nani kamuiga mwenzake.

Hili lina jibu. Jack Kirby, mwandishi na mchoraji wa komiki, alimleta Darkseid mwishoni mwa 1970, tena kwa mlango wa nyuma, ndani ya komiki ya Jimmy Olsen, rafiki wa Superman. Thanos alitokea katika Iron Man namba 55, toleo la Februari 1973. Jim Starlin, aliyembuni, ameeleza mwenyewe kwamba mwanzo alimchora kwa kumfuata Metron, mhusika mwingine wa Kirby, yule wa kiti kinachoruka. Mhariri wake, Roy Thomas, akamwambia kama ni kuiga basi amwige Darkseid.

Hata hivyo Thanos alikuja kupata roho yake. Anayapenda Mauti kama mtu anavyompenda mwanamke, na katika komiki ya Infinity Gauntlet ya 1991 anafuta nusu ya viumbe vyote ili ayafurahishe. Filamu ya 2018, Avengers: Infinity War, iliyaondoa mapenzi hayo, ikaweka hoja kwamba rasilimali hazitoshi. Tangu hapo naletewa ujumbe kwamba "Thanos alikuwa na pointi". Hakuwa nayo. Anayepanga kuua nusu ya watu ili waliobaki washibe ni muuaji, na inanitia hofu kuona vijana wanaifanya hoja hiyo kuwa hekima ya kubandika kwenye status.

Huo Mlinganyo wa Kupinga Uhai anaoutafuta Darkseid ni nini? Ni bomu?

Si bomu. Ni njia ya kuiteka hiari ya kila kiumbe mwenye akili, asibaki hata mmoja wa kusema hapana. Kwa Kirby, mtu ambaye mawazo yake yote yanaendeshwa na mwingine hahesabiki kuwa hai, hata kama anapumua. Ndiyo maana Darkseid hana haja ya kulipua Dunia: anawasaka watu wake, kwa kuwa anaamini mlinganyo umefichika ndani ya akili za wanadamu.

Someni Forever People, komiki ya Kirby, namba 3. Mhubiri wa Darkseid, Glorious Godfrey, anawaahidi watu raha ya kutokuwa na shaka tena. Wanaokubali wanavishwa kofia za chuma zinazofunika uso, kisha wanatumwa kuwashambulia waliofundishwa kuwachukia. Hakuna aliyelazimishwa. Kirby alikuwa mtoto wa wahamiaji Wayahudi wa New York, na mwaka 1944 alipigana Ufaransa kama askari wa miguu dhidi ya jeshi la Hitler. Alijua anachora nini.

Toleo la 4 linaniuma zaidi. Darkseid anatembea mchana kweupe katika bustani ya burudani ambamo wafungwa wake wanateswa mbele ya wageni, na wageni wanadhani ni maonyesho. Mtoto mmoja anamwona, anapiga kelele kwa hofu. Mzee aliye naye anamtuliza, eti huyo ni mtu tu kavaa mavazi ya maonyesho. Darkseid anafurahi: watoto wanamtambua, wakubwa wanamfichia kwa maneno matamu. Hakuna ngumi hata moja katika tukio hilo, na sijaona linaloeleza vizuri zaidi yeye ni nani.

Kwa nini siku hizi kila akitokea anapigwa?

Kwa sababu wamemgeuza bondia. Kirby alipenda kumsimamisha kimya, mikono nyuma, wengine wakitetemeka. Miale ya macho yake inakata kona kukufuata, kwa hiyo hana sababu ya kukimbia. Mwandishi Paul Levitz na mchoraji Keith Giffen walilielewa hilo mwaka 1982. Katika hadithi yao ya Legion of Super-Heroes walimweka gizani toleo baada ya toleo, na alipojitokeza alikuwa ameshateka akili za wakazi wa sayari ya Daxam, mabilioni ya watu wenye nguvu kama za Superman. Hiyo ndiyo silaha yake. Waandishi wanaompa kurasa ishirini za kurushiana mangumi na steringi wanamuua bila kujua.

Ni kweli alimlea mtoto wa adui yake?

Hakumlea. Alibadilishana watoto na adui yake Highfather, mtawala wa sayari ya New Genesis, ili vita visimame, akampokea Scott Free, mwana wa Highfather, na kumtupa kwa mtumishi wake Granny Goodness, kwenye kituo cha huyo bibi cha mateso kinachoitwa cha yatima. Alitaka mtoto atoroke, mkataba uvunjike, apate kisingizio cha kurudi vitani. Mwanawe wa damu, Orion, akalelewa upande wa pili na kumgeuka. Yote yamo katika New Gods namba 7, ya 1972.

Nianzie wapi?

Kwa Kirby: Forever People, New Gods na Mister Miracle, kwa mpangilio wa kutolewa. Mbili za kwanza DC ilizisimamisha mwaka 1972 zikiwa namba 11, hadithi haijaisha, na pengo hilo utalihisi. Usianzie kwenye video za muhtasari. Zinakupa orodha ya nguvu zake na kumruka yule mtoto anayepiga kelele.

Mwanangu ana miaka tisa. Asome?

Za Kirby asome, ila kaa naye. Final Crisis, hadithi ya Darkseid ya 2008, isubiri.