Karatasi yako haijasahihishwa upya? Dai kwa maandishi

Dada, kulipia karatasi ya mtihani isahihishwe upya, ungoje tangu Machi bila jibu na mahafali yanakaribia, si jambo la kuvumilia. Kifungu cha 47 cha Katiba ya Kenya ya 2010 kinakupa haki ya kuhudumiwa bila kucheleweshwa, na chuo cha umma kinafungwa nacho.

Anza na barua, si simu. Mwandikie msajili wa masomo, nakala kwa mkuu wa idara. Taja msimbo wa somo, tarehe uliyolipa na nambari ya risiti. Ipeleke mwenyewe masjala, nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Ushikilie sana huo muhuri, maana bila huo watasema hawakuona kitu. Humo humo uliza karatasi imefikia wapi: Sheria ya Upatikanaji wa Habari ya 2016 inawapa siku 21 kujibu.

Wakinyamaza, peleka malalamiko kwa Ombudsman, tume inayopokea malalamiko dhidi ya ofisi za umma; hutalipishwa. Mahakama Kuu ije mwisho, kwani Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya 2015 inataka kwanza umalize njia za ndani ya chuo. Huko mahakamani omba amri ya kukishurutisha chuo kitoe matokeo. Usiombe alama, hizo majaji huwaachia wahadhiri.