Laptopu inashinda kwenye chaja, niizuie isijae?

SWALI: Habari za kazi mtaalamu. Mi laptopu yangu imechomekwa kutwa nzima, naichomoa nikiwa na safari tu, na siku hizi betri haikai hata nusu ya muda wa zamani. Jamaa kaniambia kuna programu inazuia chaji isipite asilimia 80. Inasaidia kweli au ni maneno tu? Na nikiiweka, betri itarudi kama mwanzo?

JIBU: Nianze na la mwisho, hairudi. Uwezo uliokwisha potea umepotea, hii kitu inapunguza kasi ya kuchoka basi, kwa hiyo anayefaidi zaidi ni mwenye betri bado mpya.

Ila kusaidia inasaidia. Seli ya lithiamu ikijaa kabisa inakuwa kwenye volti 4.2 hivi, na kukaa huko juu muda mrefu ndo kunaizeesha, hata kama hugusi mashine, na joto likiongezeka ndo inazeeka haraka zaidi. Sasa laptopu inayoshinda kwenye chaja inapata yote mawili, imejaa na iko ya moto. Ukiikomesha kwenye 80 volti inashuka kidogo, na hako kadogo kana faida kubwa.

Lakini usikimbilie kupakua programu yoyote unayoiona!! Anayekata chaji ni chipu iliyo ndani ya mashine yenyewe, programu inaipa amri tu, kwa hiyo kama mtengenezaji hakuacha huo mlango, hizo programu za mtaani kazi yake ni kukupigia kengele ukifika 80 ili uchomoe mwenyewe, na sidhani kama utachomoa kila siku. Anza na ya kampuni. Lenovo iko kwenye programu yao ya Vantage, ASUS kwenye MyASUS, Dell na HP nyingi utaikuta kwenye BIOS, yaani ile menyu ya setingi inayofunguliwa kabla Windows haijawaka. Wenye Mac wengi wanatumia programu ya AlDente, na wa Linux wana ya TLP. Ukishaweka, zima uwashe uone kama setingi imebaki, maana kuna mashine zinasahau.

Ukiwa na safari irudishe 100 usiku wake, ndo maana ya kuwa na betri, usije ukakwama njiani eti unaitunza. Na mara moja moja ijaze mpaka mwisho, la sivyo kile kipimo cha asilimia kinaanza kudanganya.

Kwa hali ya betri yako, kwenye Windows fungua Command Prompt uandike powercfg /batteryreport, ulinganishe uwezo iliotoka nao kiwandani na inaojaza sasa. Ila ukiona tachipadi imeinuka au kava limetuna, hapo betri imevimba, acha kuichaji na upeleke ibadilishwe.

Halafu usishtuke ukiichomeka ikiwa 78 ikakataa kuchaji. Nyingi zinasubiri ishuke kidogo ndo zianze tena.